Kesi ya madai imefutwa kwa kutofika mahakamani: tufungue mpya au tuombe irudishwe?

Alizeti

Salaam ndugu zangu. Naomba msaada kwa wenye kuzijua kanuni za madai za Uganda.

Kesi ni ya deni la simsim (ufuta), shilingi milioni 38, katika mahakama ya hakimu mkuu huku West Nile. Mdai ni mama mfanyabiashara, mdaiwa ni mnunuzi wa jumla. Malipo yalitakiwa kufanyika kufikia 31 Machi 2019. Kesi ilifunguliwa Juni 2022, mdaiwa akajibu, kisha ikaahirishwa mara nyingi. Tarehe 9 Septemba 2025 iliitwa kusikilizwa, upande wetu haukuwepo, ikafutwa na gharama juu. Mama amepata habari wiki tatu baadaye.

Wakili mmoja anasema tufungue kesi mpya tu, ni rahisi. Mwingine anasema hapana, tuombe hii irudishwe. Nani yuko sahihi? Muda ni siku ngapi? Na hati ya kiapo iseme nini? Mama anasoma Kiswahili vizuri, Kiingereza hapana.

Bwana Ushuru

Fungua mpya. Amri ya 9 (Order 9) ya Kanuni za Utaratibu wa Madai inaruhusu wazi: kesi ikifutwa kwa kutofika unaweza kuleta nyingine. Unalipa ada upya, unaendelea na maisha. Kuomba irudishwe ni kupoteza miezi mkibishana kuhusu siku moja.

Faili la Kijani

Bwana Ushuru, umesoma kanuni ya 18 ukaishia hapo. Mama akikufuata amekwisha.

Alizeti, msilipie chochote kabla hamjaliona faili. Andikeni barua kwa hakimu mkuu mkiomba nakala iliyothibitishwa ya mwenendo wa kesi pamoja na amri yenyewe. Karani anaweza kuwaonyesha faili siku hiyo hiyo, ila nakala yenye muhuri ndiyo mtakayoiambatanisha. Mnatafuta ukurasa wa tarehe 9 Septemba, mistari miwili mitatu ya juu ambapo hakimu huandika nani yupo na nani hayupo. Mistari hiyo ndiyo itakayoamua kila kitu, kwa sababu neno "imefutwa" lina maana tofauti kulingana na waliokuwepo.

Kama pande zote mbili hazikuwepo, hiyo ni Amri ya 9 kanuni ya 17. Hapo mahakama "inaweza" kufuta, si lazima. Dawa yake iko kanuni ya 18, nayo inakupa njia mbili: kesi mpya kama muda wa ukomo, yaani muda ambao sheria inaruhusu kufungua kesi, haujapita, au kuomba ile ya zamani irudishwe. Hii ndiyo aliyoishika Bwana Ushuru.

Kama mdaiwa alikuwepo na mdai hayupo, hiyo ni kanuni ya 22, na hapo hakimu hana hiari, anafuta. Kanuni ya 23 inakuja nyuma yake na kufunga mlango: mdai haruhusiwi tena kufungua kesi mpya juu ya madai yale yale. Njia ya kurudi ni moja, kuiomba mahakama ile ile itengue amri yake kwa kuonyesha sababu ya kutosha ya kutofika. Na ombi hilo haliwezi kukubaliwa kabla upande wa pili haujapewa taarifa.

Kumbuka "kuwepo" si lazima kwa mwili. Chini ya Amri ya 3 mtu anafika mwenyewe, kwa wakala anayetambulika kisheria, au kwa wakili wake. Basi mdaiwa akiwa nyumbani amelala lakini wakili wake amesimama mbele ya hakimu, mdaiwa amefika. Karani wa ofisi ya wakili, hata awe na suti na faili mkononi, hahesabiwi.

Halafu kuna mtego wa tatu ambao wengi hawauoni. Kama mdai alikuwepo ila hakuwa na mashahidi, mahakama ikakataa kuahirisha na kuamua kesi pale pale, hiyo si Amri ya 9 hata kidogo. Ni Amri ya 17 kanuni ya 4, na uamuzi wake unahesabiwa kuwa umegusa kiini cha kesi. Huwezi kurudi kuomba "kurudishiwa", unakata rufaa. Watu hufungua ombi la kanuni ya 23 kwa kesi ya namna hiyo, linatupwa, na kufikia hapo siku 30 za rufaa zimeshaondoka.

Sasa hesabu ya ukomo, maana hata kama ingekuwa kanuni ya 17 ushauri wa kufungua mpya ungewaumiza. Madai ya mkataba yana miaka 6. Deni lilikuwa la kulipwa 31 Machi 2019, kwa hiyo miaka 6 iliisha mwisho wa Machi 2025. Ile kesi ya 2022 ilifunguliwa ndani ya muda, lakini kesi iliyofutwa haisimamishi saa kwa ajili ya kesi inayokuja. Mkifungua mpya leo, wakili wa mdaiwa ataandika aya moja tu ya utetezi: imepitwa na wakati. Basi.

Bwana Ushuru

Nimekubali kuhusu kanuni ya 23. Lakini ukomo si lazima uwe umekufa. Mdaiwa akikiri deni kwa maandishi na kutia saini, au akilipa sehemu yake, saa inaanza kuhesabu upya kutoka siku hiyo. Alizeti, kuna malipo yoyote ya mobile money au ya benki baada ya 2019?

Faili la Kijani

Hilo ni swali zuri, na jibu lake lihifadhiwe hata kama halitatumika. Ila kama ni kanuni ya 22, kesi mpya imezuiwa hata kama deni lilikiriwa jana.

Na kwa kuwa umetaja kukiri, Alizeti, tazama pia utetezi wa mdaiwa. Kanuni ya 22 ina sehemu ambayo hupitwa harakaharaka: mdaiwa akiwa amekiri madai yote au sehemu, mahakama haifuti sehemu hiyo, inatoa hukumu juu yake na kufuta iliyobaki. Kama kwenye majibu yake aliandika "ninadaiwa milioni 9 tu, si 38", basi hizo 9 hazikupaswa kwenda na maji. Itajeni kwenye ombi.

Wino Mweusi

Niongeze kuhusu ombi na kiapo, maana hapa ndipo maombi mengi yanapokufa ilhali sababu ipo.

Ombi linafunguliwa kwa notisi ya maombi chini ya Amri ya 52, likisema linatokana na kesi ya msingi namba fulani, na linashikilia Amri ya 9 kanuni ya 22 na 23 pamoja na kifungu cha 98 cha Sheria ya Utaratibu wa Madai. Angalieni namba: tangu toleo jipya la sheria za Uganda lianze kutumika Julai 2024, sheria hiyo ni Sura ya 282 na kanuni zake zinaandikwa S.I. 282-1. Ile 71-1 mnayoiona kwenye hukumu za zamani ndiyo hiyo hiyo. Hakimu hatatupa ombi kwa sababu ya namba ya sura, lakini huonyesha mtu amenakili faili la zamani bila kulisoma.

Siku ngapi? Kanuni ya 18 na ya 23 hazitaji idadi ya siku. Watu hulisikia hilo wakalala. Kinachopimwa ni kama ulikuja bila kuchelewa kusikoelezeka, na kila wiki inayopita kati ya siku mlipojua na siku mlipofungua inahitaji sentensi yake kwenye kiapo. Mama alijua wiki tatu baada ya 9 Septemba. Alijuaje? Nani alimwambia, tarehe ngapi? Siku iliyofuata alifanya nini? Barua ya kuomba nakala ilipokelewa lini? Muhuri wa mapokezi kwenye nakala yenu ya barua hiyo ni ushahidi mzuri kuliko aya tano za kujitetea.

Kipimo cha sababu ya kutosha kimekaa muda mrefu katika mahakama za Uganda. Katika shauri la National Insurance Corporation dhidi ya Mugenyi & Company Advocates, lililochapishwa 1987, swali lilikuwa kama mwombaji kweli alikusudia kufika na alijitahidi kadiri ya uwezo wake. Mahakama ya Juu, katika Rufaa ya Madai namba 9 ya 1993, ilitaja mifano ya sababu zinazokubalika: kosa la wakili hata likiwa la uzembe, mtu asiye na wakili kutojua utaratibu, na ugonjwa wa mhusika. Muhimu ni kwamba sababu ieleze kwa nini siku ile hamkufika. "Kesi yangu ina nguvu sana" haielezi hilo. "Nitapata hasara" nayo haielezi.

Tazameni tofauti. Kiapo kibaya kinasema hivi:

"Sikufika kwa sababu nilikuwa mgonjwa na wakili wangu alikuwa na shughuli nyingine."

Kizuri kinasema hivi:

"Usiku wa tarehe 8 Septemba 2025 nilipelekwa kituo cha afya kilicho katika mji wetu nikiwa na homa kali. Nililazwa na kutoka tarehe 10 Septemba. Fomu ya matibabu imeambatanishwa kama kiambatisho A. Saa moja asubuhi ya tarehe 9 mwanangu alimpigia simu wakili wangu kumwarifu. Orodha ya simu imeambatanishwa kama kiambatisho B."

Cha kwanza kina sababu mbili zinazogombana: kama wewe ni mgonjwa, wakili angetosha, kama wakili hakuwepo, ugonjwa wako unaingiaje? Chagueni sababu iliyo kweli na muishike hiyo moja hadi mwisho. Gari likiharibika njiani, tiketi ya basi na tarehe yake. Ajali, barua ya polisi. Msiba, barua ya mwenyekiti wa LC1 (baraza la kijiji) yenye tarehe ya mazishi.

Kama kosa ni la wakili, basi wakili mwenyewe au karani wake ndiye aape, siyo mama. Amri ya 19 kanuni ya 3 inataka kiapo kibaki kwenye mambo anayoyajua mwenye kuapa. Katika maombi ya namna hii mtu anaweza kusema "naamini", lakini ataje amelipata wapi na kwa nani. Mama akiapa kwamba "wakili aliandika tarehe vibaya kwenye shajara yake" bila kusema nani alimwonyesha shajara, wakili wa upande wa pili ataomba aya hiyo ifutwe. Na wakili akishaapa amekuwa shahidi, kwa hiyo wakili mwingine ndiye asimamie ombi. Hili husahaulika mara kwa mara, kisha siku ya kusikilizwa pingamizi linaanzia hapo.

Mawakili hawapendi kuapa kwamba wamekosea, nawaelewa. Lakini anayekataa kuandika aya mbili huku mteja wake akipoteza milioni 38, huyo muulizeni maswali mengine.

Daftari la Mama

Kuhusu lugha, Alizeti, usilichukulie jambo dogo. Lugha ya mahakama ni Kiingereza, hati zinaandikwa Kiingereza. Sheria ya kuwalinda wasiojua kusoma haisemi juu ya shule. Inasema mtu asiyeweza kusoma na kuelewa maandishi au lugha ambayo hati hiyo imeandikwa. Kwa hiyo mama anayesoma gazeti zima la Kiswahili ni "asiyejua kusoma" mbele ya hati ya Kiingereza. Mwisho wa kiapo chake lazima kuwe na uthibitisho: aliyeiandika ataje jina lake kamili na anwani yake kamili, kwamba aliagizwa na mama kuandika, kwamba amemsomea na kumweleza kwa Kiswahili, na mama ameonekana kuelewa kabla ya kutia saini au dole gumba mbele ya kamishna wa viapo.

Kisipokuwepo, kiapo kinaweza kutupwa chote, na ombi bila kiapo ni karatasi tupu. Tena wapinzani huwa wanalijua: huomba mwenye kuapa aje aulizwe maswali, wanampa kiapo chake mkononi asome aya ya 4 kwa sauti.

Viambatisho navyo: kila kimoja kiwe na herufi yake na muhuri wa kamishna wa viapo. Ada ya mahakama hailipwi kwa karani mkononi. Unapata namba ya malipo ya mamlaka ya mapato, URA, ile PRN, unalipa benki au kwa simu, unaweka risiti. Hati isiyolipiwa haihesabiwi kuwa imefunguliwa hata kama ina muhuri wa "imepokelewa".

Alizeti

Asanteni sana. Nimeliona faili leo. Ukurasa wa tarehe 9 Septemba unasema: mdai hayupo, wakili wake hayupo, mdaiwa hayupo, wakili wa mdaiwa yupo. Kwa hiyo ni kanuni ya 22, sivyo?

Halafu nimerudi nyuma ukurasa mmoja. Tarehe hiyo ilitolewa 17 Juni, na siku hiyo pia aliyekuwepo ni wakili wa mdaiwa peke yake. Kuna hati ya taarifa ya kusikilizwa na kiapo cha aliyeipeleka. Kinasema aliipeleka ofisini kwa wakili wetu "akaiacha kwa mlinzi wa getini aliyekataa kutia saini". Wakili wetu anasema hakuiona.

Faili la Kijani

Kanuni ya 22, ndiyo. Kesi mpya isahauliwe.

Lakini ulichokipata ukurasa wa nyuma kina thamani kuliko ugonjwa wowote. Tarehe ikitolewa mahakamani mbele yako au mbele ya wakili wako, huhitaji kupelekewa kitu, umesikia. Ikitolewa wewe hupo, upande uliokuwepo unapaswa kukupelekea taarifa ya kusikilizwa na kurudisha mahakamani kiapo kuonyesha ilivyopelekwa. Mtu asiyejulishwa tarehe hawezi kuulizwa kwa nini hakufika. Hiyo iwe sababu yenu ya kwanza, na ikiwezekana iwe ya pekee.

Chambueni kile kiapo mstari kwa mstari. Kinataja tarehe na saa? Kinataja jina la mlinzi, au "mlinzi" tu? Kinasema aliyepeleka aliijuaje ofisi hiyo? Kilifika lini kwenye faili: kabla ya tarehe 9 Septemba au siku ile ile asubuhi? Kinaeleza kwa nini hakuingia ndani kwa karani wa ofisi, hatua ishirini kutoka getini?

Msidhani mmeshashinda lakini. Sheria inachukulia kwamba hati iliyoachwa ofisini kwa wakili imemfikia mteja. Dhana hiyo inaweza kuvunjwa, ila kwa ushahidi. Ofisi za mawakili huwa na daftari la hati zinazoingia na muhuri wa mapokezi. Wakili wenu aambatanishe kurasa za daftari za wiki ile, zote, si ile moja tu isiyo na kitu. Karani wa mapokezi aape. Kama jengo lina ofisi nyingi na mlinzi ni wa mwenye nyumba, siyo wa wakili, hilo liandikwe. Mlinzi mwenyewe akiapa ni bora zaidi. Na ombeni chini ya Amri ya 19 kanuni ya 2 aliyepeleka hati aitwe kuulizwa maswali juu ya kiapo chake. Wapeleka hati wengine huandika viapo vyao kwa kunakili cha jana. Maswali matatu kuhusu rangi ya geti yanatosha.

Tazama pia orodha ya kesi na kile kilichoandikwa tarehe 17 Juni: ilipangwa "kusikilizwa" au "kutajwa", yaani kupangiwa tu hatua inayofuata? Kanuni ya 17 na 22 zote zinazungumzia kesi "inapoitwa kusikilizwa". Kama ilikuwa ya kutajwa tu, mna hoja ya pili ya kwamba amri ya kufuta haikuwa na mahali pa kusimama siku ile.

Wino Mweusi

Hapo nakuunga mkono, ila kwa tahadhari moja: wakili aliyepuuza simu za mteja tangu Juni hadi Septemba asijifiche nyuma ya mlinzi. Hakimu atauliza: kati ya miezi hiyo mitatu, mlilifuatilia faili mara ngapi? Sheria ya kutomwadhibu mteja kwa kosa la wakili ipo, lakini mteja naye huangaliwa kama alikuwa analala. Kama mama alikwenda au alipiga simu kuuliza tarehe, ziandikwe tarehe hizo. Mahakama zinazotumia mfumo wa kesi wa kielektroniki, ECCMIS, ulioanza Machi 2022, hubaki na alama ya nani aliingia lini. Huko "sikuona taarifa" ni utetezi mgumu zaidi. Mahakama yenu kama bado ni ya faili la karatasi, ushahidi ni mihuri na madaftari.

Mvuvi wa Hati

Swali langu liko upande wa pili wa shilingi: mdaiwa asipofika je? Naona watu wanachanganya kanuni ya 12 na ya 27.

Faili la Kijani

Kwa ufupi. Mdaiwa ana siku 15 tangu apate samansi kuleta utetezi. Asipouleta na hukumu ikatoka kwa sababu hiyo, anaomba itenguliwe kwa kanuni ya 12, na hapo huulizwa zaidi kama ana utetezi wa maana. Akiwa ameleta utetezi lakini hakufika siku ya kusikilizwa, mahakama ikijiridhisha kwamba alijulishwa husikiliza upande mmoja kwa kanuni ya 20, na hukumu yake hutenguliwa kwa kanuni ya 27: aonyeshe samansi haikumfikia sawasawa au sababu ya kutosha ilimzuia. Akifika kesi haijaisha, kwenye tarehe iliyoahirishwa, akaeleza vizuri, kanuni ya 21 inamruhusu kuingia na kusikilizwa kana kwamba alifika tangu mwanzo, asisubiri hukumu. Na ajiandae kuombwa aweke fedha mahakamani kama sharti.

Daftari la Mama

Alizeti, jambo la haraka mnaloweza kulisahau. Amri ilisema "na gharama". Mdaiwa anaweza kuleta hesabu ya gharama zake zipitishwe, kisha aanze kukamata mali ya mama wakati ombi lenu bado linangoja tarehe. Kufungua ombi hakusimamishi utekelezaji peke yake. Mkiona hesabu hiyo imeletwa, fungueni ombi jingine la kusimamisha utekelezaji, na lionyeshe kwamba la kurudisha kesi lipo na halikucheleweshwa.

Kama kulikuwa na zuio la muda, mathalan mdaiwa asiuze ghala, lilianguka pamoja na kesi. Kesi ikirudi, msidhani zuio limerudi nayo, ombeni upya. Na kama mdaiwa alikuwa na madai yake ya kinyume dhidi ya mama, hayo hayakufa. Amri ya 8 inaruhusu yaendelee hata kesi ya mdai ikifutwa, kwa hiyo tarehe zake zifuatiliwe, la sivyo mama atahukumiwa mara ya pili hayupo.

Bwana Ushuru

Je, wafungue ombi na wakati huo huo rufaa, ili wasipoteze siku 30?

Wino Mweusi

Hapana. Amri ya kufuta kwa kutofika inaendewa kwanza mahakama ile ile. Hakimu akikataa kuitengua, ule ukataaji wake ndio unaokatiwa rufaa Mahakama Kuu, nao ni wa haki moja kwa moja chini ya Amri ya 44, hauhitaji ruhusa. Siku 30 zinahesabiwa kutoka siku ya kukataliwa. Wekeni alama kwenye kalenda siku uamuzi unaposomwa, siyo siku mnapopata nakala yake.

Na kwa kuwa tumefika hapo: baada ya kesi kurudi, msidhani kutofika ndiyo hatari pekee. Tangu marekebisho ya 2019, kesi isiyopigwa hatua yoyote kwa miezi 6 baada ya kikao cha maandalizi hufa yenyewe chini ya Amri ya 17 kanuni ya 5. Kabla yake kuna Amri ya 11A: mdai atoe samansi ya maelekezo (ya kuitisha kikao cha kupanga hatua za kesi) ndani ya siku 28 tangu jibu la mwisho, la sivyo kesi inakufa pia. Zikifa hivyo ni kesi mpya tu, na kwa mama huyu kesi mpya ina ukomo ule ule wa Machi 2025.

Alizeti

Nimeelewa. Swali la mwisho: siku ya ombi kusikilizwa, kama wakili akichelewa na mama yupo kwenye benchi, afanye nini?

Faili la Kijani

Asimame. Karani akiita namba ya kesi, mama anyanyuke, aseme yeye ni mwombaji, wakili wake yuko njiani, anaomba kesi iwekwe pembeni hadi baadaye asubuhi hiyo. Kwa Kiswahili kama hawezi Kiingereza. Mkalimani ni kazi ya mahakama. Akisimama ameshafika, na ombi haliwezi tena kutupwa kwa kutofika. Akikaa kimya nyuma akingoja wakili, kumbukumbu itaandikwa "mwombaji hayupo" huku akiwa anasikia jina lake mwenyewe.

Afike kabla ya saa tatu, simu iwe na salio, na nakala za hati zote azishike yeye pia, siyo wakili peke yake. Kama ada ya wakili mwingine ni mzigo, aulize FIDA (chama cha wanasheria wanawake) au kituo cha msaada wa kisheria cha LDC (chuo cha mafunzo ya sheria) kama wana ofisi karibu nanyi. Maombi ya namna hii wanayafahamu.

Alizeti

Barua ya kuomba nakala imepokelewa leo, muhuri upo. Mlinzi amekubali kuapa. Anasema kampuni yake ilianza kulinda jengo hilo Julai.

Wino Mweusi

Na kiapo cha mpeleka hati kinasema alimkuta mlinzi tarehe ngapi?

Alizeti

Tarehe 24 Juni.

Wino Mweusi

Basi leta na mkataba wa ulinzi wenye tarehe ya kuanza, uwe kiambatisho C. Na ulizeni nani alikuwa akilinda mwezi Juni kabla wao hawajauliza.